Ni Rinoleiki

Chakula kilirudi kama kilivyokwenda. Konstebo alilishika bakuli kwa mikono miwili, kitenge kikiwa bado kimefungwa fundo lile lile, akapita nalo katikati ya ofisi mpaka nje, kwenye benchi alikoketi Mama Janepher, mama wa mwanamke aliyekuwa rumande. Bibi yule alilipokea, akaliweka mapajani, akaendelea kukaa.

"Umeona, afande?" alisema Sajini Arnold. "Kila siku ni hivyo. Mama yake naleta chakula, yeye narudisha. Mtu wa roho safi anakula."

"Wewe leo umekula?"

"Nimekula."

"Vizuri, basi tuna mtu mmoja wa roho safi," alisema Inspekta Gorreti Akello. "Haya, nieleze kesi tangu mwanzo, na usiruke kitu."

Gorreti alikuwa ametumwa Mbale kutoka makao ya mkoa kuipitia kesi kabla haijafika mahakamani, kazi ambayo wengine huifanya kwa kusoma ukurasa wa kwanza na kupiga mhuri. Yeye alikuwa na tabia mbaya ya kuuliza. Arnold, Mgisu mnene mwenye moyo mwema na haraka nyingi, alivuta kiti na kuanza.

Conrad, mkulima wa nyanya anayeishi Malukhu, alibatizisha mtoto wake na kuita watu. Wanawake walikaanga kuku na chapati. Kabla jua halijashuka wageni wakaanza kutapika, na Mwalimu Semei, mstaafu aliyekuwa baba wa ubatizo, akafariki njiani kwenda hospitali. Mafuta ya kukaangia yalikuwa ya alizeti, yamekamuliwa na Docus, jirani, kwa mashine yake mwenyewe. Conrad ndiye aliyekuwa wa kwanza kusema ni mafuta. Arnold akachukua chupa ya mafuta yale, akaipeleka Jinja, kwenye maabara ya kiwanda kimoja cha sabuni huko Bugembe ambacho husaidia polisi foleni ya Kampala inapokuwa ndefu.

"Na wakasema nini?"

"Walipiga simu. Asidi ya risinoleiki." Arnold alilitamka neno lile polepole, kama padri anayesoma Kilatini. "Mimi niliangalia kwa simu yangu, afande. Hiyo asidi iko kwa mafuta ya mbarika, na mbegu ya mbarika ni sumu. Tukaenda kupekua nyumba ya Docus. Chini ya kitanda ya mama yake tukapata nini? Gunia ya mbegu za mbarika!"

"Docus akasema nini?"

"Aliangalia gunia, akakaa chini. Akasema, 'Andika ni mimi.' Hata sikumpiga, afande. Hata sikupandisha sauti."

Ilikuwa kesi safi. Asubuhi ya kesho Docus angesomewa shtaka la kuua, na shtaka hilo likishasomwa, hakimu wa pale hana uwezo wa kumpa dhamana. Angekwenda gerezani na kukaa huko mpaka Mahakama Kuu imkumbuke, na Mahakama Kuu haina haraka na wakamuaji wa alizeti.

"Kuna mgonjwa yeyote ambaye hakula chapati wala kuku?" aliuliza Gorreti.

Arnold alijikuna shingo. "Iko huyo Zubair, wa spika za muziki. Yeye anasema hakula. Labda alionja kidogo, akaona haya kusema."

"Anakaa wapi?"

* * *

Zubair alikuwa kwenye baraza la chumba chake, hapo hapo Malukhu, amefungua spika na kutawanya nyaya zake juu ya gunia. Alikuwa bado na uso wa mtu aliyetoka wodini.

"Afande, mimi sikula," alisema kabla hajaulizwa mara ya pili. "Nilikuta kuku imeshachinjwa. Nikauliza, nani amechinja? Hakuna anajua. Basi nikaacha. Chapati nayo ilikuwa nakaangwa pembeni ya hiyo kuku, mafuta ile ile. Nikaacha pia. Nilikunywa bushera peke yake."

"Bushera kiasi gani?"

"Nyingi! Jua ilikuwa kali. Ile uji ya mtama ilikuwa baridi, nikaongeza na nikaongeza."

"Ikawaje?"

"Jasho. Mate yakatoka mdomoni kama ya mtoto mdogo. Macho ikaingia giza, sioni hata spika zangu. Tumbo pia, lakini ni macho iliniogopesha."

"Na watoto wa jirani? Hawakosi kudoea jikoni siku kama hiyo."

"Hao walikula chapati mpaka wakafukuzwa. Jana walikuwa hapa wananirushia mpira kwa nyaya."

Gorreti alimshukuru, akarudi kwenye gari. Mtu ambaye hakugusa mafuta alikaribia kufa, na watoto walioyala mafuta walikuwa wanacheza mpira. Alimwambia dereva waende Jinja.

* * *

Maabara ya kiwanda ilikuwa nyuma, mbali na harufu ya sabuni inayochemka, ingawa harufu ilikuwa haijaambiwa hivyo. Hemlata, mkemia mkuu, alikuwa mama wa makamo aliyeolewa Jinja kutoka Kisumu, na Kiswahili chake kilikuwa kimenyooka kuliko cha polisi wote wa wilaya. Alikuwa ametoka safari jana yake, na majibu ya ile chupa ya Mbale yalikuwa bado yanangoja sahihi yake.

"Nilitaka kujua jambo moja tu," alisema Gorreti. "Ile asidi ya mbarika mliyoikuta kwenye alizeti. Ilikuwa nyingi kiasi cha kuua?"

Hemlata alivua miwani. "Asidi gani ya mbarika?"

"Risinoleiki."

"Hapa kwangu? Kwenye mafuta ya alizeti?" Alishtuka waziwazi. "Mama, risinoleiki si kitu cha kukuta kwa bahati mbaya. Unajua jina lenyewe lina maana gani? Watu wa kale wa Roma waliuita mbarika *ricinus*. Maana yake ni kupe. Umewahi kuona kupe aliyeshiba kwenye sikio la ng'ombe?"

"Nimekulia kwa ng'ombe."

"Basi ndiyo sura ya mbegu ya mbarika. Kutoka kwa kupe likatoka jina la mmea, na kutoka kwa mmea likatoka jina la asidi. Hizi asidi za mafuta nyingi zimebatizwa hivyo, kwa mahali zilikoonekana kwanza. Ukisema risinoleiki, umetaja mbarika, huna pa kujificha. Alizeti haina hiyo."

"Lakini fundi wako aliwapigia polisi akasema ipo."

Hemlata alifungua mlango wa ndani. "Cleophas! Njoo hapa."

Cleophas alikuwa Msoga wa Mafubira, mrefu, mwenye koti jeupe lililopigwa pasi vizuri. Alimpa Gorreti mkono kwa heshima, akainama kidogo.

"Wewe ndiye uliyewapigia polisi wa Mbale habari ya ile chupa?" aliuliza Gorreti.

"Ndiyo, afande. Mimi mwenyewe."

"Ukawaambia ni risinoleiki?"

"Ndiyo, nyabo. Niriwaambia wazi kabisa. Ni rinoleiki."

Hemlata alifungua mdomo, na Gorreti akamnyooshea kiganja kumzuia. Alimtazama Cleophas mdomoni, mpaka yule fundi akajipangusa akidhani ana makombo.

"Sema tena."

"Ni rinoleiki."

"Sasa usiseme 'ni'. Sema: asidi ya."

"Asidi ya linoleiki."

"Mimi natoka Lira. Sema: afande ametoka Lira."

"Afande ametoka Lira," alisema Cleophas, akianza kuogopa.

"Sema: hii ni Lira."

"Hii ni Rira."

Gorreti alicheka, cheko fupi lisilokuwa na dharau ndani yake. Alikuwa ameyasikia hayo tangu chuo cha polisi. Mwalimu wa gwaride, mtu wa upande huu wa Nile, alimwita 'Akero wa Lira' akiwa ametulia, lakini akitaka kuonyesha wasichana wanatoka wapi, alipita mstarini akisema, 'Huyu ni wa Alua,' yaani Arua, 'hii ni Rira.' Wenzake walidhani anabahatisha tu. Gorreti, ambaye lugha ya kwao haichanganyi sauti hizo mbili, ndiye aliyegundua kwamba habahatishi hata kidogo. Ulimi wake ulikuwa na sheria: ukitanguliwa na *i* au *e*, unatoa *r*, ukitanguliwa na sauti nyingine, unatoa *l*. Mwenye ulimi hasikii kitu.

"Lakini ni kitu moja!" alisema Cleophas.

"Kwako ni kimoja," alijibu Gorreti. "Mama Hemlata, hiyo linoleiki nayo ni nini?"

"Hiyo?" Hemlata alikuwa amejishika shavu. "Hiyo jina lake limetoka kwa kitani, na *oleum*, mafuta. Mafuta ya mbegu za kitani. Lakini iko kila mahali. Alizeti, pamba, soya, mahindi. Ukikuta linoleiki kwenye mafuta ya alizeti, hujakuta kitu. Ndiyo alizeti yenyewe. Ungekuja kuniambia umeikosa, hapo ningekuja Mbale kwa miguu." Akamgeukia fundi wake. "Miaka yote nafanya kazi na wewe, sijawahi kulisikia hilo."

"Wewe unajua anachotaka kusema," alisema Gorreti. "Ndiyo maana husikii anachosema."

Alimpigia Arnold pale pale, akaweka simu mezani ili wote wasikie.

"Sajini, siku ile maabara walipokupigia, uliandika nini?"

"Niliandika vile alisema, afande. Rinoleiki."

"Rinoleiki, au risinoleiki?"

"Alisema rinoleiki. Nikaandika kwa simu kutafuta maana. Simu ikasema hakuna kitu kama hiyo, ikaniuliza kama nataka risinoleiki. Nikaona, ah, kumbe yule bwana amemeza herufi. Simu ikanisahihisha."

"Ilikusahihisha," alisema Gorreti. "Kaa karibu na simu."

Lakini alikuwa askari wa siku nyingi, na hakutaka kumtoa mtu rumande kwa kusikia, kwa sababu ni kusikia kulikomtia ndani. Alimwomba Hemlata apime upya mafuta yaliyobaki, mbele ya macho yake. Hemlata mwenyewe alivuta tone kwenye sindano nyembamba na kuliingiza kwenye mashine, kisha wakakaa kungoja. Kwenye kioo vilima vikaanza kuinuka kimoja kimoja, na Hemlata akawa anavitaja kwa kidole kama mtu anayetambulisha ndugu zake: huyu ni palmitiki, huyu ni oleiki, huyu mkubwa kabisa ndiye linoleiki. Kisha mstari ukalala chini, ukaenda chini hivyo hivyo.

"Risinoleiki angetokea hapa," alisema, akigusa mahali palipokuwa patupu. "Hayupo, hata harufu yake. Mafuta haya ni safi, mimi ningepikia watoto wangu."

Cleophas alikuwa amesimama ukutani, koti lake jeupe limemkaa vibaya ghafla. "Afande, huyo mama iko ndani kwa sababu ya mdomo yangu?"

"Yuko ndani kwa masikio ya sajini na simu yake. Wewe ulisema ukweli." Gorreti alimpigia Arnold tena, akamsogezea Cleophas simu. "Sasa useme tena. Herufi moja moja, na kila herufi uipe mji."

Cleophas aliinamia simu kama anayeinamia kisima. "Sajini, andika. L ya Lira."

Ilitoka safi kabisa.

* * *

Walimleta Docus kwenye chumba cha mahojiano. Alikuwa mwanamke wa mifupa mipana, mikono bado ina weusi wa mashine chini ya kucha. Alikaa bila kuegemea. Arnold alisimama mlangoni, mpole kuliko asubuhi. Gorreti hakuwa na Kigisu na Docus hakuwa na Kilango cha Lira, kwa hiyo Kiswahili ndicho kilichokuwa katikati yao.

"Gunia la mbarika ni la nani, dada?"

"Ni yangu."

"Unalifanyia nini?"

"Ni yangu tu."

"Mama yako ana magoti mabaya," alisema Gorreti. "Nimemwona asubuhi akiinuka kwenye benchi. Anajichua kwa mafuta ya mbarika, kweli si kweli?"

Docus alikwangua weusi chini ya kucha moja.

"Na anayakamulia wapi?"

"Nilimwambia!" Sauti ilimtoka Docus kwa nguvu mpaka Arnold akasogea. "Mama, hiyo mbegu yako usiweke kwa mashini ya alizeti. Nilimwambia na nikamwambia. Lakini nikienda sokoni, yeye anaweka. Anadhani mimi sioni maganda. Siku polisi walitoa lile gunia, wakasema mashini ya Jinja imeona mbarika, nikajua. Nikajua yote."

"Ukasema ni wewe."

"Yeye ni mzee, afande. Jela itamuua."

"Na chakula chake unakirudisha."

Docus alianza kulia, bila kujificha na bila kujifuta. "Siwezi kula. Kila nikiona hiyo bakuli, naona Mwalimu Semei. Yule ndiye alinifundisha kusoma. Mimi nitafungwa badala ya mama, ndiyo, ni mama yangu. Lakini namchukia. Mungu anisamehe, namchukia kabisa."

Gorreti alikuwa amemhurumia mwanamke huyu tangu Bugembe, na sasa akasema bila kuzungusha maneno.

"Docus, hakuna mbarika."

"Nini?"

"Kwenye mafuta yako hakuna mbarika. Nimekaa mbele ya mashine leo, nimeona. Ni alizeti tupu. Fundi alisema neno moja, huku likasikika lingine."

Docus alimtazama, kisha akamtazama Arnold, ambaye aliangalia viatu vyake na kusema, "Ni kweli, dada. Mimi ndiye nilisikia vibaya."

"Hata kidogo?"

"Hata tone."

"Basi mama hakufanya kitu."

"Hakufanya kitu."

Docus alishika kichwa kwa mikono miwili. Gorreti alipoona mabega yametulia, akavuta kiti karibu.

"Sasa nisaidie. Mwalimu Semei alikunywa bushera?"

"Kikombe ya kwanza ilikuwa yake. Ni baba wa ubatizo."

"Wewe ulikunywa?"

"Nilikuwa kwa moto nakaanga. Sikupata."

"Bushera ilipikwa kwa maji gani?"

"Unga ya chapati tulikanda usiku, lakini asubuhi bomba ikakauka. Conrad alileta maji na pipa yake ya buluu. Ile ya shamba ya nyanya." Macho ya Docus yakapanuka polepole. "Ile anachanganya dawa ya kupulizia wadudu."

Arnold alisema neno la Kigisu ambalo Gorreti hakuhitaji kutafsiriwa.

"Mbona hukusema haya tangu mwanzo?"

"Mliniuliza mafuta, afande. Huyu mafuta, yule mafuta, Conrad mafuta. Habari ya maji hakuna mtu aliniuliza."

Gorreti alisimama. "Sajini, chukua watu wawili, nendeni kwa Conrad. Nataka hilo pipa kabla hajalisugua, na nataka Conrad mwenyewe. Mwulize kwa nini alikuwa na hakika na mafuta mapema hivyo. Shtaka la kesho halisomwi. Docus anatoka leo kwa dhamana ya polisi."

"Ndiyo, afande." Arnold alifika mlangoni, akageuka. "Dada Docus, nisamehe."

"Nenda kwanza ulete pipa," alisema Docus.

Viatu vya sajini vikaondoka mbio koridoni. Docus alijifuta uso kwa mkono wa blauzi.

"Mama bado iko nje?"

"Yuko kwenye benchi. Hajaondoka tangu asubuhi."

"Usimwambie yale nilisema."

"Sikusikia kitu," alisema Gorreti.

Aliufungua mlango mwenyewe na kumwita. Mama Janepher aliingia taratibu akishikilia ukuta kwa sababu ya magoti, bakuli mkononi. Alisimama hatua chache kutoka kwa binti yake, hajui kama ameruhusiwa kukaribia, wala kama anatakiwa.

"Chakula imepoa," alisema yule mama.

"Lete tu hivyo hivyo, mama."

Docus alilipokea bakuli, akaliweka mezani, akaanza kulifungua lile fundo. Lilikuwa limekaza, kwa hiyo mama yake akaketi na kumsaidia.